Kiti cha Ijumaa

Basi kutoka Milano lilitushusha mbele ya kanisa kuu la Crema saa ileile watu wanatoka misani, na haki ya Mungu, shingo zote ziligeuka. Mwanamke mmoja akampiga mwenziwe kiwiko. Mzee mmoja akanivulia kofia. Mimi, niliyezoea kupita mitaani bila kutambuliwa hata na mbwa, nikajikuta nimemshika Fermo mkono kama mtoto anayepelekwa kudungwa sindano.

"Wananijua," nikamnong'oneza.

"Wanamjua mama," Fermo akasema. "Wanataka waone kama utatoka mzima."

Nikacheka, lakini kicheko chenyewe hakikwenda mbali. Mama yake, Bi Palmira Ogliari, alikuwa ametupigia simu Milano kutoka baa ya Oreste, ambako ndiko ilikuwako simu ya mtaa mzima. Alisema, "Jumapili njooni. Wote wawili," akakata. Na Bi Palmira si mtu wa kukata maneno. Akisema machache, ujue mengine ameyaweka jikoni yanachemka.

Njia nzima nilikuwa na siri yangu. Nilikuwa nimeapa kwamba mama huyu akinikataa na leo, basi Fermo nimemwachia. Nilimpenda hata nikimtazama tu akifunga kamba za viatu nilisahau nilichokuwa nasema. Lakini sikuzaliwa kuvunja mlango wa mtu. Maisha yangu yote kazi yangu ilikuwa kufungua milango taratibu na kusema, "Karibu, bwana."

Nasema kweli, si fumbo. Nilikuwa mwigizaji wa televisheni, miaka ileile ilipoanza kwetu, na sikuwahi kuwa nyota hata siku moja. Ukiniona kwenye kioo, ujue kuna mlango unataka kufunguliwa au mgonjwa anataka kufunikwa. Mtumishi, muuguzi, mtawa, jirani mwenye taa. Enzi hizo kila kitu kilikwenda hewani papo hapo, hakuna kurudia, ukijikwaa umejikwaa mbele ya Italia nzima. Wenzangu walilalamika kwamba kazi inatia kichaa. Mimi nilimshukuru Mungu kila Ijumaa, mchezo wetu wa wiki ulipokwisha. Nilizaliwa kwenye kundi la wazazi waigizaji wa kuhamahama, nikala utotoni mwangu juu ya sanduku la mavazi, na sasa nilikuwa na kazi kila wiki na kitanda kilekile kila siku. Ningetaka nini zaidi?

Zaidi alikuja Fermo. Yeye ndiye aliyeshika ile fimbo ndefu yenye maikrofoni, anaining'iniza juu ya vichwa vyetu bila kivuli chake kuonekana. Mwanamume aliyenisikiliza kwa mshahara, akaishia kunisikiliza kwa mapenzi. Siku moja aliniambia, "Ersilia, ukivuta ile pumzi yako kabla ya kusema 'Chakula tayari', mimi nasahau niko kazini." Mwanamke gani atasikia hayo abaki na akili zake?

Bi Palmira, lakini! Siku ya kwanza kupelekwa kwake nilikuwa natetemeka kwa baridi, akavua mtandio wake wa zambarau, ule wa ujane, akanitupia mabegani. Na mimi nikaruka kama nimemwagiwa maji ya moto. Sisi waigizaji zambarau ni nuksi. Ndiyo rangi ya Kwaresima, na zamani Kwaresima kumbi zilikuwa zinafungwa, waigizaji wanalala njaa. Bibi yangu mzaa baba hakuruhusu hata ua la zambarau likatize mbele yake. Nenda kamweleze hayo mjane uliyeukataa mtandio wake wa msiba! Aliuokota sakafuni, akaukung'uta, akaniambia, "Kumbe huzuni yetu inanuka."

Mara ya pili aliniita ili anipime mikono. "Nione kama unajua kukunja tortelli," akasema, yaani vile vifuko vya unga vyenye biskuti za lozi, zabibu kavu, jibini na kungumanga, ambavyo Crema mwanamke asiyevijua heri asitaje kuolewa. Alinisimanga asubuhi nzima. Nilipoondoka alinipa na sharti lake: "Mwanangu au televisheni. Chagua. Sitaki mkwe ambaye kila Ijumaa analala nyumba nyingine kwenye kioo."

Sasa sikiliza kilichotokea Ijumaa ile, usiku mmoja kabla ya simu ya Bi Palmira.

Nilikuwa mtumishi wa jikoni wa kanali mstaafu. Kanali mwenyewe alikuwa Ruggero Valsecchi, nyota wa nyota, mwanamume ambaye hata akikohoa anapigiwa makofi. Kazi yangu ilikuwa nisimame mezani penye unga, niseme, "Kanali amechelewa leo," na yeye aingie amevaa joho la kulalia. Basi. Lakini tukio lililotangulia alikuwa amevaa magwanda na buti ndefu za farasi, na buti la kushoto likagoma kutoka mguuni. Nyuma ya ukuta wetu wa mbao wanaume wawili walikuwa wanalivuta, yeye amekumbatia nguzo, anatukana bila sauti.

Nikasema, "Kanali amechelewa leo." Nikatazama mlango. Hakuna mtu.

Kamera ilikuwa usoni mwangu, taa yake nyekundu inawaka. Msimamizi wa studio akaanza kuvuta mikono yake huku na huku kama anayenyoosha mpira. Maana yake vuta wakati, vuta, vuta! Nivute na nini, jamani? Nilipewa sentensi moja na nimeshaitumia. Maji yalinifika shingoni. Nikainamisha macho, nikaona mikono yangu imeshaanza yenyewe kukata unga na kuukunja, na mdomo ukaifuata mikono.

"Mkono mwepesi, msichana," nikamwambia msichana asiyekuwepo. "Hukandiki ukuta hapo. Funga mdomo wa tortelli, na wako pia. Mwanamke asiyejua kufunga hiki, siri ataifungaje?"

Nikaona mpiga kamera anauma mdomo asicheke. Akanisogelea. Mlango bado kimya. Nikaendelea kukunja, na yakanitoka mengine, ambayo Bi Palmira aliyasema chini chini siku ile, akidhani nimeshughulika na unga.

"Tangu bwana wa nyumba afe, nakunja nyingi mno," nikasema. "Tumebaki wawili, mikono bado inakunja za watatu. Nimeiambia. Haisikii."

Mpiga kamera hakuuma mdomo tena. Juu yangu ile fimbo ikashuka, kivuli chake kikapita juu ya unga, kosa ambalo Fermo hajawahi kulifanya. Ndipo mlango ukafunguka, Valsecchi akaingia na joho lake, adhimu kabisa, mguu wa kushoto ungali na buti. Kamera ikamchukua kuanzia kiunoni kwenda juu.

Tulipomaliza nilibusiwa paji la uso na watu ambao mpaka saa ile hawakujua jina langu. Fermo peke yake hakuja. Nilimkuta anakunja nyaya zake, uso umempauka.

"Yale ni maneno ya mama," akasema.

"Najua, Fermo. Sikuwa na mengine."

"Bahati yetu haangalii. Mama hajakanyaga kwa Oreste Ijumaa hata moja."

Kwa Oreste ndiko mtaa wao ulikoangalia televisheni, kila mtu na kiti chake kutoka nyumbani, maana viti vya baa havikutosha. Asiyebeba kiti amebaki kwao. Tulijipa moyo kwa hilo mpaka asubuhi, simu ikalia.

Ndivyo tulivyofika Jumapili mlangoni pa Bi Palmira. Tulimkuta jikoni, ametupa mgongo.

"Mmechelewa," akasema.

"Mama, basi lilikuwa..."

"Basi halina mama wa kulisubiri. Kaa pale, Fermo, na usiongee. Wewe mwigizaji, vua koti, nawa mikono."

Nikavua, nikanawa. Unga ulikuwa umeshatandazwa mezani. Kwenye kichwa cha meza kilikuwa kiti cha marehemu mumewe, cha kamba za majani, ambacho hakuna aliyekikalia. Akanisukumia kiduara cha unga na kijiko cha kujazia.

"Kunja."

Nikakunja moja haraka haraka. Akaiokota tortelli yangu, akaigeuza mwangani kama polisi ameshika noti ya bandia.

"Hivi ndivyo ulivyoionyesha Italia?"

"Ndivyo, Bi Palmira."

"Pembe ya mwisho hukuibana! Iko wazi kama mdomo wa chura. Ikiingia majini inatapika tumbo lote. Sasa kuanzia Torino hadi Palermo watajua kwamba Crema hatujui kufunga!"

"Mama," Fermo akaropoka, "nani kakuambia? Wewe si huangalii?"

"Siangalii. Nasimama."

"Unasimama wapi?"

"Mlangoni kwa Oreste. Kusimama mlangoni ni dhambi siku hizi? Ijumaa ya kwanza nilikwenda kuazima kibiriti."

"Na ya pili?"

"Kukirudisha." Akapiga unga kofi. "Usinihoji, Fermo, nitakuzaba hivyo hivyo ulivyo na masharubu yako. Nilitaka kumjua huyu uliyeniletea habari zake. Nimemwona akiwa mtawa. Nimemwona muuguzi, kofia imekaa upande, nikatamani kuingia kwenye kioo nimnyooshee. Siku aliyoigiza mjakazi anayekufa kwa kifua nilirudi hapa supu ikanishinda. Nikajiambia, Palmira mjinga wee, unamlilia Ijumaa, akija Jumapili mzima unamnunia."

Sikujua nicheke au nilie. Mwanamke huyu alikuwa ameniona kote, hata mle ambamo mama yangu mzazi, Mungu amrehemu, hakuwahi kuniona. Nikafungua mdomo, akaninyamazisha kwa kidole chenye unga.

"Sijamaliza. Yale ya pembe nimekusamehe, utajifunza. Lakini yale ya mikono..." Sauti ikamshuka. "Yale yalinitoka mbele yako wewe. Hata huyu hapa mwanangu sijawahi kumwambia. Wewe ukayachukua ukamwambia Oreste na walevi wake."

Fermo akainamisha kichwa. Mimi nikahisi ndiyo saa yenyewe imefika, na liwalo na liwe.

"Bi Palmira, nisamehe," nikasema. "Nilikuwa peke yangu mbele ya watu wote hao, sina neno. Baba yangu alinifundisha maneno ya wafalme na ya wachungaji, ya wapenzi na ya wauaji. Ya jikoni hakunifundisha, hatukuwa na jikoni. Jikoni pekee nilimowahi kuketi ni humu mwako, na maneno ya nyumbani niliyo nayo ni haya uliyonisimanga nayo. Nilipojipapasa niseme nini, nilikukuta wewe. Uliniokoa, na hukujua. Nimekuja kupigwa, sawa, nipige. Lakini kwanza nataka kukushukuru."

Alikuwa anakwangua unga kwenye ncha za vidole, kidole kwa kidole.

"Na jingine," nikasema, maana nilijua nisiposema hapo sitasema tena. "Uliniambia nichague. Fermo nampenda, yeye anajua na Mungu anajua. Lakini kazi hii siwezi kuiacha. Imenilisha, imenipa chumba, imenipa huyu. Nikiitupa leo ili nipate nyumba, kesho nitatupa nini? Kama jibu lako ni lilelile, nitaondoka na basi la mchana, na sitamgombanisha mtoto na mama yake."

"Ersilia!" Fermo akasimama. "Hayo tulikubaliana lini?"

"Nimesema usiongee!" tukamjibu sote wawili kwa pamoja.

Jikoni kulikuwa na baridi, madirisha yamefunguliwa mvuke utoke. Ule mtandio wa zambarau ulikuwa kwenye msumari kando ya jiko. Nikaenda nikautungua, nikajifunika mabegani, nikaufunga kifuani kwa fundo.

Bi Palmira akanitazama kutoka juu hadi chini. "Si ulisema ni nuksi?"

"Nuksi ya waigizaji ni njaa, Bi Palmira. Nyumba hii njaa itapitia wapi?"

Bi Palmira akavuta kigoda, akaketi kwa uzito, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya huku unga uko wazi.

"Unajua ilikuwaje kwa Oreste?" akasema. "Ulipotaja mikono, baa nzima iligeuka kunitazama. Wananijua, wamekula tortelli zangu, wanajua ni nani mwenye ulimi ule. Niliona aibu hata nikatafuta ukuta niushike. Nikasema moyoni, msichana huyu kanivua nguo. Basi Celeste, mjane wa duka la mkaa, akainuka. Celeste! Tumenuniana tangu kabla ya vita kwa ajili ya kuku mmoja, kuku mwenyewe amekufa, waliomla wamekufa. Akanisogezea kiti chake, mbele ya watu wote. Akanishika kiwiko akanikalisha. Akaniambia sikioni, 'Palmira, na mimi bado natandika upande wake wa kitanda.'"

Akachukua pindo la aproni akajifuta macho, likamwachia unga shavuni. Fermo alikuja akapiga magoti kando yake, na safari hii hakumfukuza.

"Tangu baba yako afe," akamwambia, "tunapishana sokoni mimi na Celeste, yeye na mzigo wa moyo wake, mimi na wangu, hakuna anayemwambia mwenzake habari za asubuhi. Jana nimekunywa kahawa kwake. Tumeongea mpaka chungu kikaungua." Kisha akanigeukia, ukali umerudi, lakini sasa nilikuwa nimeshaujua unakotoka. "Kwa hiyo na mimi nakushukuru. Nimesema mara moja, usinilazimishe kurudia."

"Hapana, Bi Palmira." Machozi yalikuwa yananitiririka mpaka kwenye zambarau yake.

"Na usililie mtandio, utachuja. Niambie, huko unabusiwa?"

"Wapi?"

"Huko kwenye kioo. Wanaume wanakubusu?"

"Jamani, Bi Palmira! Nipo pale miaka minne, wanaobusiana ni wengine. Mimi nawafungulia mlango waingie."

Fermo alicheka mpaka akakaa sakafuni. Hata yeye mama mtu alicheka, kile kicheko cha puani cha mtu aliyejizuia muda mrefu.

"Basi mtafunga ndoa baada ya Pasaka," akasema. "Kabla ya hapo nina kazi nyingi. Na Celeste atakaa mstari wa mbele, nimeshamwahidi."

"Na kazi yangu?" nikauliza kwa sauti ndogo.

"Imefanyaje?"

"Ulisema nichague."

"Nilisema nikiwa nimesimama. Mtu akisimama baridini anasema mengi." Akainuka, akarudi mezani, akanisukumia kiduara kingine cha unga. "Ukiiacha, mimi Ijumaa nitamwangalia nani? Yule kanali wenu wa buti moja?"

"Uliliona buti?" Fermo akashtuka. "Kamera haikulionyesha!"

"Nimemsikia akitembea. Mtu wa viatu vya kulalia hapigi ko, ko, ko. Wewe ndiye uliyeshika kipaza sauti, jilaumu mwenyewe." Akanikazia macho. "Ijumaa hii unacheza nini?"

Nikaona haya kumwambia. Watu walidhani baada ya siku ile ningepewa makubwa. "Mtumishi tena."

"Ana maneno mangapi?"

"Matatu."

"Yapi?"

"'Bwana, wageni wamefika.'"

Bi Palmira akayarudia taratibu chini ya pumzi, akiyapima kama anavyopima chumvi. Akatikisa kichwa kukubali. Kisha akaenda kwenye kichwa cha meza, akashika mgongo wa kile kiti cha kamba, akakitazama kidogo, akakiinua na kumpa Fermo mikononi.

"Kipeleke kwa Oreste kabla ya chakula," akasema. "Mwambie akiweke mbele, kando ya cha Celeste, na kikae huko huko, mtu asikirudishe. Maneno matatu ni machache. Nataka niyasikie yote nikiwa nimekaa."